Shelisheli: Wageni wa Hiari na Wageni wa Lazima



Tunda la shelisheli tunalijua sote, la kuchoma, la kukaanga au la kupikwa kwa nazi. Lakini visiwa vyenye jina hilo hilo wengi wetu huviona kwenye matangazo ya utalii tu. Historia yake inatuhusu zaidi ya hapo.

Shelisheli ni visiwa zaidi ya 100, kiasi cha kilomita 1,600 mashariki ya pwani yetu. Havikuwa na wenyeji mpaka mwaka 1770, Wafaransa walipofanya makazi wakiwa na watumwa wao. Uingereza ilivipata rasmi 1814, na utumwa ukafutwa 1835. Kuanzia 1861, manowari za Kiingereza zilizokamata majahazi ya watumwa katika bahari yetu ziliteremsha waliookolewa kisiwani Mahé, watu zaidi ya 2,000. Waliokolewa kweli, lakini hawakurudishwa kwao. Walipelekwa kufanya kazi kwa wenye mashamba.

Wakafuata wafalme. Mwanga wa Buganda alifia huko 1903. Kabalega wa Bunyoro na Prempeh wa Ashanti walikaa uhamishoni zaidi ya miaka ishirini. Sayyid Khalid bin Barghash wa Zanzibar naye alipelekwa huko, baada ya kukamatwa Dar es Salaam mwaka 1916. Kisiwa kisichofikika ila kwa meli ni gereza lisilohitaji ukuta.

Uwanja wa ndege ulifunguliwa 1971, miaka mitano kabla ya uhuru. Mahé ni milima, mrefu kuliko yote ukifika mita 905, na ardhi tambarare ni haba. Njia ya ndege ikajengwa kwa kufukia sehemu ya bahari yenye matumbawe. Sisi wahandisi tunajua uzito wa kazi hiyo. Tangu hapo, umbali ule ule uliowafunga wafalme ukawa ndio unaouzwa kwa watalii.

Juu ya milima, Sans Souci, yapo magofu ya Venn's Town, shule ya wamisionari iliyoanzishwa 1876 kwa watoto wa watumwa waliokombolewa. Wageni husimama hapo kupiga picha za bahari. Na moutya, ngoma ya watumwa, iliingizwa na UNESCO katika orodha ya urithi wa utamaduni usioshikika mwaka 2021.

Ndugu yangu, ukijaaliwa kwenda, ogelea na ufurahi. Kisha panda Sans Souci uwaombee wale watoto. Huenda baadhi yao walitoka kijiji cha babu yako.

Wasalaam.