Dhebarbhai na Ardhi ya Saurashtra

Mwaka 1951 ulishuhudia mambo mawili makubwa katika Saurashtra, ile rasi ya magharibi ya India walikotoka wengi wa babu na bibi zetu. Tarehe 11 Mei, Rais Rajendra Prasad alisimika jyotirlinga ya Bwana Shiva katika hekalu jipya la Somnath, kando ya bahari, mahali ambapo hekalu la kale lilibomolewa na kujengwa upya mara nyingi. Mwaka huohuo serikali ya jimbo ilipitisha sheria iliyompa mkulima mpangaji haki ya kulimiliki shamba alilolilima. Jambo la kwanza tunalisimulia katika kila sikukuu, na watoto wetu wanalijua. La pili karibu tumelisahau. Katika jarida hili la kumbukumbu ya hekalu letu, tumeona inafaa kumkumbuka mtu aliyeiongoza serikali ya Saurashtra katika mwaka huo: Uchharangrai Navalshankar Dhebar, ambaye watu walimwita Dhebarbhai.

Alizaliwa tarehe 21 Septemba 1905 katika kijiji cha Gangajala, karibu na Jamnagar. Kathiawar ya wakati ule, kwa maana hilo ndilo lililokuwa jina la rasi hiyo, ilikuwa imegawanyika katika himaya zaidi ya 200. Baadhi zilikuwa na majeshi na reli zao. Nyingine hazikuzidi ukubwa wa vijiji vichache. Kila mtawala alitoza ushuru wake na kushika mahakama yake. Mkulima alilima ardhi ya bwana wake, na bwana aliweza kumwondoa.

Wazee wetu waliijua hali hiyo kwa miili yao. Njaa kuu ya 1899 na 1900, iliyoitwa Chhappaniyo kwa sababu iliangukia mwaka 1956 wa kalenda ya Vikram Samvat, iliwaua watu na mifugo kwa wingi, na ikawafukuza wengine makwao. Kutoka Porbandar na bandari nyingine za pwani ile, majahazi yalifuata upepo wa kaskazi hadi Unguja na Mombasa. Huwa tunasema kwamba wazee wetu walikuja kutafuta biashara. Ni kweli, lakini si kweli yote. Wako waliokuja kwa sababu ardhi waliyoilima haikuwa yao, na mvua ilipokosekana hawakuwa na cha kushikilia.

Dhebar alisomea sheria akawa wakili Rajkot, na kazi yake ilistawi. Mwaka 1936 aliiacha, akajitoa kwa utumishi wa umma chini ya uongozi wa Mahatma Gandhi na Sardar Patel. Miaka miwili baadaye alikuwa mstari wa mbele katika satyagraha ya Rajkot, upinzani wa amani wa raia waliodai kushirikishwa katika utawala. Mji huo ulikuwa na uzito wa pekee kwa Gandhi: baba yake aliwahi kuwa diwani wa himaya ile, na yeye mwenyewe alisoma shule hapo. Mtawala alikubaliana na Patel mnamo Desemba 1938, kisha akarudi nyuma. Kasturba Gandhi akakamatwa. Mnamo Machi 1939 Gandhi alifunga kula, na Jaji Mkuu Maurice Gwyer akatoa uamuzi uliowapa raia haki. Lakini baada ya muda mfupi Gandhi mwenyewe aliukataa ushindi huo. Alisema mfungo wake ulikuwa umemlazimisha mpinzani badala ya kumgeuza moyo.

Kwa Dhebar na wenzake, waliokuwa wameingia gerezani kwa ajili ya madai hayo, hilo halikuwa jambo jepesi kulipokea. Walipokonywa ushindi na mwalimu wao. Hata hivyo Dhebar hakuiacha njia ile. Alirudi kwenye kazi ya vijiji, akafungwa tena katika miaka ya vita, na uhuru ulipokuja alikuwa mmoja wa watu wachache ambao raia wa Kathiawar waliwaamini kutoka himaya moja hadi nyingine.

Tarehe 15 Februari 1948, mjini Jamnagar, Sardar Patel alizindua muungano wa himaya hizo. Jam Saheb wa Nawanagar akawa mkuu wa jimbo, na Dhebar akawa Waziri Kiongozi. Mwaka huohuo jimbo likaitwa Saurashtra. Serikali mpya ilirithi sheria nyingi zisizolingana, hazina nyingi na vituo vingi vya ushuru. Ilirithi pia swali moja lililokuwa zito kuliko yote: ardhi ni ya nani?

Sehemu kubwa ya mashamba ilikuwa mikononi mwa makabaila walioitwa girasdar, wengi wao Rajput na Kathi. Wengine walikuwa matajiri, lakini wengi walikuwa na kipande kidogo tu na jina la ukoo. Wapangaji wao walikuwa hasa Wapatidar. Kwa sheria ya 1951, mpangaji aliweza kuwa mmiliki kwa kulipa mara 6 ya kodi ya ardhi iliyopimwa na serikali. Girasdar naye alipata fidia, na aliruhusiwa kubaki na eneo la kulima mwenyewe. Dhebar hakutaka kumtoa mtu mmoja kwenye umaskini kwa kumtumbukiza mwingine, akatumia muda mwingi kuzungumza na pande zote mbili.

Kazi hiyo haikupita kwa utulivu. Wapo makabaila walioona wamedhulumiwa, na katika miaka hiyo genge la jambazi Bhupat lilivamia vijiji na kuwaua wakulima, hadi mwenyewe alipokimbilia Pakistan mwaka 1952. Serikali haikuirudisha nyuma sheria. Katika uchaguzi wa kwanza wa 1952, chama cha Congress kilipata viti 55 kati ya 60 vya bunge la jimbo. Wakulima walikuwa wamejibu.

Tusiipambe habari hii kupita kiasi. Sheria ilimtazama mpangaji. Haikumtazama kibarua asiyekuwa hata na upangaji, na wengi wa vibarua hao walikuwa Dalit, waliokuwa wamefungiwa milango ya mahekalu kwa karne nyingi. Walipolala usiku ule wa mageuzi hawakuwa na shamba, na walipoamka hawakuwa nalo. Sisi tunaosali katika hekalu lililo wazi kwa kila mtu tunapaswa kulitaja hilo bila kuona haya.

Na Somnath? Gandhi alikuwa ameshauri kwamba fedha za kulijenga hekalu zitolewe na waumini, zisitoke katika hazina ya serikali, na ujenzi ukakabidhiwa bodi ya wadhamini. Hata hivyo, sherehe ya 1951 ilipokaribia, serikali ya Saurashtra iliamua kuchangia rupia laki 5. Waziri Mkuu Jawaharlal Nehru alipinga: serikali ya nchi yenye dini nyingi, alishikilia, haipaswi kutumia mali ya umma kwa sherehe ya dini moja. Wako miongoni mwetu watakaomuunga mkono Nehru, na wako watakaoitetea serikali ya jimbo. Sisi tunaoishi kama jamii ndogo katika nchi ya majirani wa dini nyingine tuna sababu ya kulipima swali hilo kwa makini. Hekalu letu limesimama kwa michango ya waumini, na hatukupungukiwa heshima kwa ajili hiyo.

Mwishoni mwa 1954 Dhebar aliuacha uongozi wa jimbo akiwa bado na nguvu, akawa Rais wa Congress. Mkutano wake wa kwanza, uliofanyika Avadi mnamo Januari 1955, ndio uliotangaza lengo la kujenga jamii ya mwelekeo wa kijamaa. Mwaka 1959 alimwachia nafasi hiyo Indira Gandhi. Mwaka uliofuata alikabidhiwa uenyekiti wa Tume ya maeneo na makabila yaliyotengwa kisheria. Ripoti yake ilionyesha kwamba hata miongoni mwa makabila hayo wapo walio nyuma zaidi, wanaohitaji kutazamwa kwanza. Pengine alikuwa amejifunza kwamba sheria njema nayo huweza kumsahau mtu wa mwisho katika safu.

Mwaka 1962 wapiga kura wa Rajkot walimpeleka bungeni Delhi. Mwaka uliofuata aliingia katika uongozi wa Tume ya khadi na viwanda vya vijijini, kazi ya gurudumu la kusokotea uzi isiyompa mtu umaarufu mkubwa, akaishika kwa miaka kadhaa. Alitunukiwa nishani ya Padma Vibhushan mwaka 1973, akafariki tarehe 11 Machi 1977. Jimbo aliloliongoza lilikuwa halipo tena: liliunganishwa na Bombay mwaka 1956, na leo ni sehemu ya Gujarat.

Uwakili, uwaziri, urais wa chama: kila kimoja alikishika, na kila kimoja alikiacha kwa mikono yake. Gita inatufundisha kutenda bila kung'ang'ania matunda ya kazi, na mafundisho hayo tunayasikia hekaluni mara kwa mara. Kuyaona katika maisha ya mwanasiasa ni nadra.

Wanaokwenda Rajkot kuwatembelea ndugu hupita katika barabara inayoitwa kwa jina lake. Huenda wanapita bila kuuliza alikuwa nani. Tunawaomba, safari ijayo, wawaeleze watoto kwamba huyu ndiye aliyeongoza serikali iliyowamilikisha wakulima mashamba yao. Na kama sheria hiyo ingetangulia kwa miaka hamsini, pengine baadhi yetu tusingezaliwa upande huu wa bahari.