HMS Bachaquero: Meli ya mafuta iliyogeuzwa kubeba vifaru

HMS Bachaquero ni miongoni mwa meli tatu za kwanza duniani zilizotengenezwa ili kushusha vifaru moja kwa moja ufukweni. Mara ya kwanza meli ya aina hiyo kutumika vitani ilikuwa Mei 1942, katika kisiwa cha Madagaska, ambacho Waswahili wa kale walikiita Bukini.

Asili yake

Bachaquero ilijengwa Uingereza mwaka 1937 kwa ajili ya kubeba mafuta katika Ziwa Maracaibo nchini Venezuela. Kwa kuwa mlango wa ziwa hilo ulizibwa na fungu la mchanga, meli zake zilijengwa ziweze kupita katika maji ya kina kifupi.

Majeshi ya Uingereza yalipofukuzwa Dunkirk mwaka 1940, yaliacha nyuma karibu silaha zao zote nzito. Waziri Mkuu Winston Churchill alitaka meli za kurudisha vifaru katika pwani za adui bila kutegemea bandari. Bachaquero na wenzake Misoa na Tasajera zilichaguliwa kwa sababu ya kina chao kifupi. Omo ilikatwa, ikawekwa milango na daraja refu la kushukia. Kila moja iliweza kubeba vifaru 18 vya tani 30, au malori 33.

Vita vya Diego Suarez

Mapema mwaka 1942 Japani ilikuwa imeteka Singapuri, na manowari zake ziliingia Bahari ya Hindi. Uingereza ilihofia kwamba serikali ya Vichy ya Ufaransa, iliyotawala Madagaska, ingewaachia Wajapani bandari ya Diego Suarez, leo Antsiranana. Njia ya meli kati ya Rasi ya Tumaini Jema, Mombasa na Misri ingekuwa hatarini.

Tarehe 5 Mei Waingereza walishuka upande wa magharibi wa bandari hiyo. Hapo udhaifu wa Bachaquero ulidhihirika: mteremko wa ufukwe ulikuwa mdogo mno, na meli ilichelewa kupata mahali pa kushusha shehena yake. Askari wa mbele wakasonga na silaha nzito chache. Diego Suarez ilisalimu amri tarehe 7 Mei, baada ya Waingereza zaidi ya 100 kuuawa.

Askari wa Afrika Mashariki

Bandari ilitekwa, lakini sehemu kubwa ya kisiwa ilibaki mikononi mwa Vichy. Septemba mwaka huohuo Uingereza ilianza mashambulizi mapya kupitia Majunga. Miongoni mwa waliosonga hadi Antananarivo na kusini zaidi walikuwa askari wa Brigedi ya 22 ya Afrika Mashariki, kutoka vikosi vya King's African Rifles vya Kenya, Tanganyika na Nyasaland. Kiswahili kilitumika kama lugha ya amri katika jeshi hilo. Mapigano yalikoma tarehe 6 Novemba 1942.

Afrika Kaskazini na urithi wake

Siku mbili baadaye, tarehe 8 Novemba, Bachaquero na wenzake wawili walikuwa karibu na Oran, Algeria, wakishusha vifaru vyepesi vya Marekani.

Kufikia hapo warithi wake walikuwa tayari wanajengwa. Mwishoni mwa 1941 Marekani ilichora meli mpya yenye matangi ya farumi: hujazwa maji ili meli itulie baharini, kisha humwagwa ili iinuke na kuukaribia ufukwe. Meli za muundo huo zilizojengwa zilizidi 1,000, na zilishiriki Sicily, Normandy na Pasifiki.

Bachaquero haikuhifadhiwa. Lakini kila meli iliyofungua omo yake mbele ya ufukwe wa adui baada ya Mei 1942 ilifuata njia iliyojaribiwa kwanza, kwa shida, katika maji ya Bukini.