Mzee Ojwang, Mwigizaji wa Kenya

Msomaji, ikiwa wewe ni Mmeru wa Kibirichia, chini ya Mlima Kenya, huenda mgeni akatambua kwenu mara usemapo Kiswahili, kwani matamshi hufichua asili ya mtu. Basi tafakari ustadi wa Benson Wanjau. Yeye alikuwa Mkikuyu. Lakini katika mchezo wa Vitimbi, ulioonyeshwa miaka mingi katika televisheni ya taifa, aliigiza mzee wa Kijaluo aitwaye Ojwang. Mkewe mchezoni, Mama Kayai, aliigizwa na Mary Khavere. Wanjau aliyatwaa matamshi ya Kijaluo barabara hata watazamaji wengi wakadhani ndiko kwao, na jina la Ojwang likalifunika lile alilopewa na wazazi wake. Hivyo watu wa makabila mbalimbali walicheka pamoja. Lakini sifa si mali: macho yake yalipofifia uzeeni, Wakenya walimchangia fedha za matibabu. Alifariki dunia tarehe 12 Julai 2015. Nawe, kabla ya kumwiga jirani yako, jifunze kwanza kumsikiliza. Asiyemsikiliza mwenziwe hawezi kumwigiza, ila kumdhihaki tu.