Sauti za Waigizaji, Kutoka Vugiri hadi Maangamizi

Ukitoka Mazinde kwa barabara ya Korogwe, ukaipita Mombo, Milima ya Usambara inakufuata mkono wa kushoto. Huko juu, Vugiri, ndiko filamu zilikotengenezwa kuanzia mwaka 1935. Meja L. A. Notcutt, aliyewahi kusimamia mashamba ya mkonge, pamoja na G. C. Latham, waliendesha mradi huo, uliogharimiwa kwa sehemu kubwa na Carnegie Corporation ya Marekani. Hadi mwaka 1937 walikuwa wametoa filamu 35, zikihusu kodi, safura, malaria ya watoto, akiba ya posta na mengineyo.

Waigizaji walikuwa Waafrika. Picha zilipigwa kimya kwenye mkanda wa milimita 16, maneno yakarekodiwa kwenye santuri, kwa Kiswahili na kwa lugha nyingine. Lori la sinema la mradi huo lilipofika Uganda au Nyasaland, santuri ilichezwa sambamba na picha. Hivyo mtu aliyeigiza Usambara alisikika akizungumza lugha asiyoijua, kwa koo la mwingine. Majina tunayoyasoma hadi leo ni ya Notcutt na Latham, na jambo hilo linaniuma.

Miaka ya 1950 mambo yalianza kubadilika, angalau kwa wanaume. Rashidi Kawawa, aliyecheza katika filamu ya Muhogo Mchungu, alijulikana kwa jina na sura, na mwaka 1962 akawa Waziri Mkuu wa Tanganyika.

Kwa upande wa wanawake, namtaja Amandina Lihamba, aliyezaliwa Morogoro mwaka 1944. Riziki yake ilikuwa ualimu wa sanaa za maonyesho Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, ambako alifikia uprofesa. Filamu zake ni chache. Alicheza katika Arusi ya Mariamu ya mwaka 1985, kisha Maangamizi ya Martin Mhando na Ron Mulvihill, ambayo Tanzania iliipeleka kuwania Oscar mwaka 2001.

Katika Maangamizi, hadithi inaingia na mgeni, Dakta Asira kutoka Marekani. Lihamba ni Samehe, mgonjwa aliyenyamaza miaka mingi. Kwa muda mrefu hana mazungumzo ya kujitetea nayo; ana macho, shingo na mikono tu. Mwigizaji dhaifu angepotea hapo. Yeye anakufanya umsahau daktari, usubiri midomo yake ifunguke. Na Mwanajuma Ali Hassan, anayeigiza bibi wa mizimu anayemjia Samehe, hana haja ya kuonekana sana: akitokea, filamu nzima inabadilika uzito.

Baadaye Lihamba alicheza katika Tumaini ya Beatrix Mugishagwe, mwaka 2005. Kabla ya hapo, katika miaka ya 1990, yeye na Penina Muhando walikuwa wameanzisha mradi wa Tuseme katika shule za sekondari. Humo wasichana hukaa pamoja, wakataja yanayowakwamisha masomoni, wakayatungia igizo, kisha wakaliigiza mbele ya walimu na wanafunzi wenzao, na baada ya igizo mjadala ukafunguliwa.