Kikosi cha Kutuliza Ghasia na Njia ya Kwenda Mpanda

Vyombo vya dola ambavyo raia wa Tanzania huvitaja kwa mzaha na kwa hofu katika pumzi moja ni vichache, na cha kwanza miongoni mwavyo ni FFU, kikosi cha kutuliza ghasia cha Jeshi la Polisi, ambacho wazee walikiita Fildi Fosi na vijana wakazigeuza herufi zake tatu kuwa Fanya Fujo Uone. Walakini mtu akitaka kuitazama tarikhi yake akiwa Mpanda, mbali na Ukonga yaliko makao yake jijini Dar es Salaam, huona dhahiri kwamba kikosi hiki ni mzaliwa wa bandari na reli, na kwamba kwa zama nyingi nchi ya Katavi ililindwa, na pengine ikavurugwa, na watu wa silaha wa namna nyingine kabisa.

Wa kwanza katika hao ni rugaruga. Mwezi wa Juni 1880 Waingereza wawili, Carter na Cadenhead, waliokuwa katika utumishi wa Leopold mfalme wa Wabelgiji, waliuawa Mpimbwe, pale majeshi ya rugaruga ya Mirambo wa Urambo na mshirika wake Simba yalipokivamia kijiji walimokuwa wamepata hifadhi. Rugaruga walikuwa vijana wa vita wasio na mshahara ila ngawira, na Wadachi walipoishika nchi hawakuona haya kuwatumia hao hao.

Waingereza walilitangaza Jeshi la Polisi la Tanganyika mwaka 1919, makao yake yakiwa Lushoto hata yalipohamishiwa Dar es Salaam mwaka 1930. Lakini polisi wao walikaa aghalabu mijini na kandokando ya reli, ilhali huku vijijini amri ya serikali ilitembea kwa miguu, mikononi mwa matarishi wa watemi. Tarishi mmoja mwenye fimbo na waraka alitosha kumwita mtu barazani, maana nyuma yake alisimama mtemi, na nyuma ya mtemi alisimama Bwana Shauri, yaani ofisa wa wilaya wa Kiingereza.

Kilichoitia serikali wasiwasi hakikuwa kijiji, bali makuli wa bandarini. Mwezi wa Septemba 1947 wafanyakazi wa gati la Dar es Salaam waliacha kazi, na mgomo wao ukapanda na reli ya kati kituo hadi kituo. Mwaka 1950 wakagoma tena, na mara hii damu ikamwagika. Katika miaka hiyo iliyofuata Vita Vikuu vya Pili ndipo lilipozaliwa kundi la polisi lililopakiwa katika malori, lisilo na lindo wala doria, kazi yake ikiwa ni kungoja kambini mpaka liitwe, na hilo ndilo lililokuja kuitwa Fildi Fosi. Fikra yake ilikuwa nyepesi: badala ya kutawanya askari kila mahali, waweke pamoja, wape gari, uwapeleke penye moto. Taratibu zake zilishikamana na Kanuni ya Adhabu, ambayo mpaka leo huhesabu watu watatu kuwa wametosha kuwa mkusanyiko usio halali iwapo nia yao ni mbaya, na ambayo humwezesha hakimu, au polisi wa cheo cha inspekta na kuendelea, kutoa ilani kwamba watu watawanyike kwa amani; ikishasomwa ilani na muda wa kutosha ukapita, hapo ndipo huja ngao na virungu, na moshi wa mabomu ya machozi.

Mwaka huo huo wa 1950 reli ya kutoka Kaliua, yenye urefu wa kilomita 210, ilifika Mpanda kwa ajili ya risasi ya mgodi wa Mukwamba, madini yaliyogunduliwa miaka ya 1930. Reli iliyoshusha madini pwani iliweza vilevile kupandisha askari, na nadhani hapo ndipo Mpanda ilipoingia katika hesabu za wakubwa wa polisi, kwa sababu penye mgodi pana mshahara, na penye mshahara pana mgomo. Mgodi ulifungwa mwaka 1960, reli ikabaki.

Namna kikosi kilivyofanya kazi bara ilionekana Geita mwaka 1958, wananchi walipolikataa baraza la wilaya la mchanganyiko wa rangi, wakatembea kwa maelfu hadi Mwanza kudai haki yao, wakatawanywa kwa virungu na moshi. Serikali ya uhuru ilikirithi chombo kile kama kilivyokuwa. Januari 1964, baada ya mapinduzi ya Unguja, polisi wa bara walipelekwa visiwani, na kabla hawajarudi askari wa jeshi katika kambi ya Colito, Dar es Salaam, wakaasi tarehe 20, wenzao wa Tabora wakafuata kesho yake. Hapo ikadhihirika kwamba kirungu hakimtulizi mwenye bunduki.

Katavi yenyewe iliendelea kujilinda kwa njia zake. Wakimbizi wa Burundi wa mwaka 1972 walipewa makazi Katumba na Mishamo. Wasukuma nao wakashuka na ng'ombe wao, na pamoja nao wakaja na sungusungu, lile jeshi la jadi lililoanza upande wa Kahama na Shinyanga mwanzoni mwa miaka ya 1980. Huko Mpimbwe mwizi wa ng'ombe aliogopa mkutano wa sungusungu kuliko kituo cha polisi, kwa kuwa kituo kilikuwa mbali na mkutano ulikuwa mlangoni. Serikali iliwatazama kwa jicho la mashaka, hatimaye mwaka 1989 ikawapa nafasi katika sheria ya mgambo.

Mwaka 2012 Katavi ilitengwa na Rukwa, ikapata kamanda wake wa polisi. Difenda ya polisi, ambayo zamani ingelazimika kutoka Sumbawanga, kwa barabara ya vumbi na tope, sasa ililala Mpanda. Mwaka huo huo, tarehe 2 Septemba, mwandishi wa habari Daudi Mwangosi aliuawa kwa bomu la machozi huko Nyololo, Mufindi, na mwaka 2016 askari wa kikosi akahukumiwa kifungo cha miaka 15. Kati ya matukio hayo mawili, Juni 2013, alisimama bungeni Waziri Mkuu Mizengo Pinda, mzaliwa wa Kibaoni katika Katavi hii hii, akasema kwamba wanaofanya fujo na kukaidi amri watapigwa, kwani serikali imechoka. Kituo cha Sheria na Haki za Binadamu na Chama cha Wanasheria wa Tanganyika wakampeleka Mahakama Kuu kwa maneno hayo, na mwaka 2014 shauri likatupwa.