Kifungua Mimba: Historia Fupi ya Taifa Leo kwa Wasomaji wa Nakuru

Wengi hudhani Taifa Leo lilizaliwa na Daily Nation. Sivyo. Mwaka wa 1958, hali ya hatari ikiwa haijaondolewa, Charles Hayes, Mwingereza aliyewahi kuwa afisa wa serikali ya kikoloni, alishirikiana na Althea Tebbutt kuanzisha gazeti la Kiswahili la kila wiki jijini Nairobi. Wakaliita Taifa. Mwaka uliofuata Aga Khan wa Nne, kijana wa miaka 22 tu, akalinunua. Januari 1960 likaanza kutoka kila siku kwa jina la Taifa Leo. Daily Nation lilisubiri hadi Oktoba 3 mwaka huo. Kampuni kubwa ya Nation tunayoiona leo, na majumba yake na vituo vyake vya televisheni na redio, ilianzia kwenye kijigazeti cha Kiswahili. Sisi wa Nakuru hatuchoki kuwakumbusha wenzetu wa Nairobi jambo hilo.

Huyo Hayes tuna sababu ya kumhesabu kama jirani. Uzeeni aliandika kitabu kuhusu Oserian, lile jumba la kando ya Ziwa Naivasha.

Nakuru yenyewe ilikuwa na gazeti lake, na hatuwezi kulificha. Kenya Weekly News lilichapishwa papa hapa mjini, chini ya mhariri Mervyn Hill, mtu aliyejua kuandika, tusimnyime haki yake. Lakini lilikuwa gazeti la walowezi. Liliwazungumzia bei ya ngano, mvua ya Njoro na hofu zao za siasa. Mpagazi wa stesheni, mchuma pareto wa Molo na mpishi wa Milimani hawakuwamo, ila pale walipolalamikiwa.

Watu hao walikuwa wengi, nao walitoka kila pembe. Reli iliwaleta, mashamba yakawashika, na mtaa wa Bondeni ukawakusanya: Mkikuyu, Mluo, Mluhya, Mkalenjin, Mkisii, mlango kwa mlango. Lugha ya kuombana chumvi ilikuwa Kiswahili, chetu hiki cha bara ambacho watu wa Mombasa hukicheka. Baraza, gazeti la Kiswahili lililoanzishwa mwaka wa 1939 na wenye East African Standard, lilikuwa limekwisha kuwazoesha kusoma, lakini Baraza lilikuja mara moja kwa wiki. Taifa Leo lilikuja kila siku ya kazi, na hapo ndipo lilipoishika Nakuru.

Lilikuja usiku. Gari la magazeti lilipita barabara ya zamani ya mteremko wa Mai Mahiu, ile iliyojengwa na mateka wa Kiitaliano wakati wa Vita vya Pili na wakaacha kikanisa chao kidogo pembeni. Dereva aliyekutana na ukungu pale juu alikuwa na haki ya kuchelewa, na hakuna aliyemsikiliza. Asubuhi wauzaji walikuwa wamekwisha kugawana mafungu. Nakala moja ilisomwa na watu wengi: mmoja akisoma kwa sauti, wengine wakibishana, kisha gazeti likamalizia safari yake likifungia nyama. Wataalamu wa mauzo hawakuwa na njia ya kuwahesabu wasomaji wa namna hiyo.

Na habari zenyewe hazikuwa haba. Agosti 12, 1963 Mzee Kenyatta aliwakabili walowezi katika ukumbi wa mji wa Nakuru akawaambia tusameheane, na watu walioingia wakiwa wamenuna wakatoka wakipiga makofi. Mwaka huo huo Nakuru All Stars wakawa mabingwa wa ligi ya kwanza ya taifa ya kandanda. Ndiyo, ya kwanza. Kabla ya Gor, kabla ya Abaluhya. Januari 1964 askari wa kambi ya Lanet waliasi, lakini hilo lina wanahistoria wake.

Kati ya wahariri wa miaka hiyo, George Mbugguss ndiye anayetajwa zaidi, na inafaa. Alianzia Kiswahili akapanda hadi kuongoza Daily Nation. Hata hivyo, ukweli ni kwamba wasomaji wengi hawakuwajua wahariri. Walimjua Juha Kalulu. Katuni hiyo ya Edward Gitau ilidumu miongo mingi, na wapo wazee waliofungua gazeti kwa Kalulu kwanza, wakacheka peke yao, ndipo wakarudi mbele kuona waziri gani amesema nini. Ukurasa wa mashairi nao ulikuwa na jeshi lake. Malenga akitupa swali Jumatatu, asubiri kujibiwa kwa vina, wala si kwa upole.

Machi 1975, mbunge J. M. Kariuki, jirani yetu wa Gilgil, alipotoweka, gazeti pacha la Kiingereza lilichapisha kwamba yuko Zambia. Hakuwa Zambia. Tuliache hapo.

Mengine ni ya juzi, na nafasi ni ndogo. 1973, hisa za kampuni zaanza kuuzwa kwa umma. 1985, mfumo wa 8-4-4 waanza na Kiswahili kuwa somo la lazima. Walimu wawa wateja wetu wakubwa. 1989, waandishi wa Nation wafungiwa Bunge kwa muda. 1992 na mwanzo wa 2008, bonde letu lapitia majaribu ya mapigano ambayo sitayarudia hapa. Waliotuma habari siku hizo wanajua waliyoyaona. 2010, katiba mpya yakifanya Kiswahili kuwa lugha rasmi. Mei 2018, bwawa la Solai lapasuka. Aprili 2020, kifo cha mwandishi Ken Walibora, ambaye safu yake ilisomwa hadi vijijini. Desemba 1, 2021, Nakuru yawa jiji.

Baraza lilikufa. Kenya Leo, lililotegemea chama tawala, nalo likafa. Taifa Leo lipo, gazeti pekee la kila siku la Kiswahili nchini Kenya, ingawa wengi sasa hulisomea kwenye simu. Shukrani ziwaendee wapiga chapa, waandishi wa mashinani waliolipwa kwa mstari, wauzaji wa stesheni na wa steji ya matatu, na madereva wote wa Mai Mahiu, hata wale waliochelewa.