Mwanamke Asiyeandikwa Jina

Ndugu msomaji, wachumba wanaojifunza ndoa wamezoea kuniuliza neno moja, wengine kwa haya, wengine kwa ubishi: «Katekista, tamaa ya mume na mke ni kitu kibaya mbele ya Mungu?» Swali hilo si jipya. Wenye hekima wamelibishania zaidi ya miaka elfu mbili. Tusikie habari zao, na hasa za Mwafrika mmoja, Mtakatifu Agustino.

Zamani, kule Ugiriki, Plato alifundisha kwamba roho imo mwilini kama mfungwa gerezani. Lakini katika kitabu chake cha Karamu alieleza pia kwamba kupenda uzuri wa mwili ni kidato cha kwanza cha ngazi. Mtu apande mpaka aufikie Uzuri wenyewe. Baadaye, katika karne ya kwanza, Musonius Rufus aliwaambia mabwana wa Roma neno zito: Wewe unayeona si kosa kulala na mjakazi wako, je, ungekubali bibi yako alale na mtumwa wake? Sheria ya mume na ya mke ni moja. Tena mtu huyo hakuwa Mkristu!

Agustino alizaliwa mwaka 354 huko Thagaste, katika inchi inayoitwa leo Algeria. Alipokuwa mwanafunzi Karthago alikaa na mwanamke bila ndoa, akazaa naye mtoto, Adeodatus, maana yake «aliyetolewa na Mungu». Wakati huo alifuata wafuasi wa Mani muda wa miaka tisa hivi. Hao walisema kwamba mwili umetoka kwa nguvu ya uovu, na kwamba kuzaa ni kuifungia nuru ndani ya nyama.

Walikaa pamoja zaidi ya miaka kumi. Halafu, huko Milano, Agustino akaposewa binti wa jamaa yenye mali, aliyepungukiwa bado miaka miwili asiweze kuolewa. Yule mwenzake akaonekana kizuizi. Desturi ya Warumi haikuona ajabu: mtu mwenye cheo aliweza kukaa na mwanamke wa hali ya chini, kisha kumwacha aoe. Akarudishwa Afrika, mtoto akabaki kwa baba. Mama aliapa kutomjua mwanamume mwingine. Agustino hakuweza kungoja hiyo miaka miwili, akatwaa mwanamke mwingine. Haya yote ameyaungama mwenyewe katika kitabu chake cha Maungamo, wala hafichi kwamba moyo wake ulitoka damu. Lakini jina la mwanamke yule hakuliandika.

Hapa, msomaji, tusimame kidogo. Ubaya ulikuwa wapi? Katika mwili? Au katika kudhani kwamba mtu aweza kurudishwa kwao kama jembe la kuazima?

Agustino alibatizwa mwaka 387. Mnamo mwaka 401 aliandika kitabu juu ya wema wa ndoa. Aliwakataa wafuasi wa Mani, akataja mema matatu ya ndoa: watoto, uaminifu, na sakramenti. Katika kitabu hicho anasema pia kwamba mwanamume anayekaa na mwanamke kwa muda tu, mpaka apate mwingine anayemfaa kwa cheo au mali, ni mzinzi moyoni mwake. Lakini mwanamke anayemshikia uaminifu hawezi kumwita mzinzi kwa urahisi. Hakujitaja. Nani asiyeona kwamba alijihukumu mwenyewe?

Baadaye Juliano, askofu wa Eclanum, alibishana naye: tamaa ni ya maumbile, kosa ni kupita kiasi. Agustino akajibu kwamba tangu dhambi ya Adamu tamaa haiitii akili, hata ndani ya ndoa. Walishindana mpaka Agustino alipokufa mwaka 430. Tukiri wazi, katika mashindano hayo alikaza sana, na Wakristu wengi baada yake waliuonea mwili haya kupita kipimo.

Mtakatifu Tomaso wa Akwino, aliyekufa mwaka 1274, aliweka mambo sawa: kama Adamu asingalitenda dhambi, furaha ya mume na mke isingalipungua, bali ingalizidi, machafuko tu yasingalikuwako. Akasema tena kwamba urafiki wa mume na mke unapita urafiki wote. Mwaka 1785 Mjerumani Kant aliandika kwamba mtu asitumiwe kamwe kama chombo tu. Na mwaka 1960, huko Polonia, Karol Wojtyła, aliyekuwa Papa Yoane Paulo II mwaka 1978, alitoa kitabu juu ya upendo na wajibu: kinyume cha kumpenda mtu ni kumtumia.

Basi wachumba nawajibu hivi: Tamaa ameiumba Mungu. Ubaya huanza pale unapomtaka mwili na kumsahau mwenye mwili. Hata leo, katika miji yetu, wako wanawake wanaotwaliwa «kwa muda», mpaka apatikane mwenye ukoo bora au masomo makubwa. Ndugu, ikiwa mmoja wao yumo nyumbani mwako, jiulize: je, umeliandika jina lake?